Henriette Avram hakusomea ukutubi, sasa aliwezaje kubadilisha katalogi za dunia nzima?

Swali la msomaji: "Shikamoo mtaalamu. Mimi nimesoma kompyuta, nimeajiriwa kwenye maktaba ya chuo kusimamia mfumo, huu mwezi wa tatu sasa. Wenzangu wananiambia mimi sio mkutubi, kazi yangu ni kuwasha seva tu. Nimesikia Henriette Avram aliyetengeneza MARC naye hakusomea ukutubi, ni kweli? Na alifanya nini hasa? Maana hizi namba 100, 245, 650 naziona kila siku na sielewi kwa nini mpaka leo bado tunazitumia."

Marahaba mdogo wangu. Kwanza kwa wasiojua: MARC ni muundo unaoiwezesha kompyuta kusoma katalogi, yaani orodha ya vitabu vya maktaba, na hizo namba zako ni fildi, vyumba vya taarifa ndani yake, 100 ya mwandishi, 245 ya jina la kitabu, 650 ya mada. Ni kweli, hakuwahi kusomea shahada ya ukutubi, na bado ukimwambia mtu anayejua historia ya katalogi akutajie watu watano wa karne ya 20 jina lake halikosi. Lakini tafadhali usichukue hilo jibu ukaenda kuwatolea nalo wenzako, kwa sababu habari za huyu mama ukizisoma vizuri zinakubana wewe kuliko zinavyowabana wao. Utaona.

Alizaliwa 1919 Manhattan, New York. Alianza kusoma masomo ya kuelekea udaktari pale Hunter College, 1941 akaolewa, wakajaliwa watoto watatu, familia ikahamia Virginia na huko akasoma hesabu George Washington University. Mwaka 1952 akaingia NSA, lile shirika la Marekani linaloshughulika na mawasiliano ya siri, akawa kati ya waandika programu wa mwanzo mwanzo kabisa pale, akifanya kazi kwenye IBM 701, mashine ambazo zilitengenezwa 19 tu. Kwa hiyo fikiria mwanamke mwenye watoto nyumbani, miaka ya 50, anaandika programu wakati hiyo kazi yenyewe haina hata vitabu vya kujifunzia. Akatoka NSA 1959, akapita kampuni mbili, na moja wapo inaitwa Datatrol ndo ilimpa kazi ya kubuni maktaba ya mambo ya kompyuta. Hapo ndo akakutana kwa mara ya kwanza na swali ambalo watu wa kompyuta wengi hatulipi uzito, kwamba vitabu vinapangwaje mpaka mtu asiyekijua kitabu akipate.

Machi 1965 akaajiriwa Library of Congress, ile maktaba kubwa ya taifa la Marekani iliyoko Washington. Sasa kabla sijaendelea inabidi uelewe pale mahali palikuwa na uzito gani. Tangu 1901 Library of Congress ilikuwa inachapa kadi za katalogi na kuziuzia maktaba nyingine, yaani mtaalamu wao anakikatalogi kitabu mara moja, kadi inachapwa, na maktaba ya mji fulani mbali huko inanunua hiyo kadi na kuiweka kwenye droo yake bila kuhangaika upya. Ndo maana nasema ilikuwa katalogi ya taifa zima, wakikosea wao mmekosea wote, wakibadilisha kitu wao mnabadilika wote. Kadi zenyewe ni vile vipande vya karatasi ngumu vya kama sentimita 7.5 kwa 12.5, na kitabu kimoja kinahitaji kadi kadhaa, moja ya mwandishi, moja ya jina la kitabu, nyingine za mada. Zidisha kwa mamilioni ya vitabu, halafu kila kadi ipangwe kwa mkono. Mwaka 1963 ikatoka ripoti ya kamati ya Gilbert King iliyosema kompyuta zinaweza kubeba hii kazi kwenye maktaba kubwa. Inawezekana, sawa, ila ukimaliza kuisoma ile ripoti bado hujui Jumatatu asubuhi unaanza na nini.

Avram alianza na kadi. Hapa ndo kiini cha kila kitu kwa hiyo nivumilie nitakaa kidogo.

Kadi ilitengenezwa kwa ajili ya jicho la mtu. Wewe ukiiangalia unajua huyu ni mwandishi kwa sababu jina limekaa juu, limeanza na jina la ukoo, halafu mstari unaofuata umeingia ndani kidogo ndo jina la kitabu, mstari wa mwisho mwisho kuna kurasa na urefu kwa sentimita, chini kabisa mada zimepewa namba. Hakuna mahali pameandikwa "hili ni jina la mwandishi", unajua tu kwa mahali lilipo na alama za nukta na mkato. Kompyuta haijui. Kwa kompyuta ya 1965 hiyo kadi yote ni mfululizo wa herufi, ikikuta 1914 haijui kama ni mwaka wa kuchapwa, mwaka wa kuzaliwa mwandishi au ni sehemu ya jina la kitabu kinachohusu vita.

Mtu mwenye haraka angesema basi tupunguze, tuchukue mwandishi, jina la kitabu na mwaka, mengine yaachwe, mashine haina nafasi. Na kweli nafasi ilikuwa ndogo na ya gharama, lakini yeye hakwenda njia hiyo. Alikaa na watu wa maktaba wenyewe wakaichambua kadi kipande kwa kipande, hiki kinaitwaje, kwa nini kipo, nani anakitafuta, kinaweza kujirudia mara ngapi, kikikosekana inakuwaje. Pendekezo la kwanza la muundo lililotoka katikati ya 1965 lina majina matatu, lake, la Kay Guiles na la Ruth Freitag, na hao wawili walikuwa watu wa maktaba kabisa. Mimi kila nikifundisha vijana hilo pendekezo ndo naanza nalo, kwa sababu kwenye hayo majina matatu wewe mtu wa kompyuta unaona jinsi kazi inavyotakiwa kufanywa, na alikuwa na miezi michache tu kazini.

Sasa nikuonyeshe kitu kimoja kidogo ambacho unakiona kila siku na labda hujawahi kukiuliza. Fungua rekodi ya kitabu cha Kiingereza kinachoanza na neno The, nenda 245. Baada ya namba 245 kuna tarakimu mbili, zinaitwa indiketa, na ya pili utakuta ni 4. Hiyo 4 inaiambia kompyuta iruke herufi nne za mwanzo wakati wa kupanga, T, h, e na nafasi, ili kitabu kipangwe kwa neno linalofuata na sio vitabu nusu ya maktaba virundikane kwenye T. Kitabu cha Kifaransa kinachoanza na La kinapata 3. Na kitabu cha Kiswahili? Sifuri, karibu kila mara, kwa sababu lugha yetu haina hivyo vineno vya mbele. Mkutubi wa zamani alikuwa anafanya hilo kichwani, anaipokea kadi, jicho linaruka The lenyewe, anaipachika kwenye droo, hata hajui kama amefanya uamuzi. Ili mashine ifanye vile vile ilibidi mtu amuulize yule mkutubi umefanya nini hapo, ajibu nimepanga tu, aulizwe tena umepangaje, mpaka hicho kitu kilichojificha kwenye mazoea kitoke nje kiandikwe kama tarakimu moja. MARC nzima imejengwa hivyo, ni ujuzi wa watu waliozoea kazi ulioulizwa ukaulizwa mpaka ukaandikika.

MARC yenyewe maana yake ni katalogi inayosomeka na mashine. Majaribio yalianza kwa pesa za wafadhili, maktaba kama 40 zikaomba kushiriki zikachaguliwa 16, na walichanganya vizuri, kulikuwa na Harvard na Yale, kulikuwa na University of Toronto ya Kanada, maabara ya Argonne, na kulikuwa na mfumo wa shule za Montgomery County. Kuanzia Novemba 1966 kila wiki Library of Congress ilikuwa inawatumia tepu ya sumaku yenye rekodi za vitabu vipya vya Kiingereza, wao wanajaribu kuitumia kwenye kompyuta zao halafu wanarudisha malalamiko. Majaribio yakaenda mpaka Juni 1968, na kutokana na yale malalamiko muundo ukafumuliwa ukajengwa upya, ukaitwa MARC II, na Machi 1969 huduma rasmi ya kusambaza tepu ikaanza. Ni miaka minne tu kutoka siku aliyoingia pale mlangoni, na alikuwa hana wa kumuiga.

Wewe ni mtu wa kompyuta kwa hiyo nikupe utumbo wenyewe utaupenda. Rekodi ya MARC ina sehemu tatu. Mwanzo kuna kichwa cha herufi 24 tu, kinasema rekodi ina urefu gani na ni ya kitu gani, maandishi, ramani, muziki na kadhalika. Halafu inafuata orodha ya ndani, kila fildi ina mstari wake wa tarakimu 12: tatu ni namba ya fildi kama 245, nne ni urefu wa fildi, tano ni mahali inapoanzia. Halafu ndo zinakuja fildi zenyewe. Uzuri wake ni kwamba kompyuta haihitaji kujua mapema jina la kitabu lina urefu gani, inasoma ile orodha inaruka moja kwa moja mpaka panapotakiwa, jina liwe na neno moja au liwe na mistari minne sawa tu. Enzi ambazo watu walikuwa wanabana data kwenye kadi za matundu za nafasi 80, kuja na rekodi inayorefuka na kufupika kadiri kitabu kinavyotaka ilikuwa ni kukataa kabisa kwamba kitabu kikatwe kitoshee mashine.

Na cha pili, ambacho nadhani ndo kikubwa zaidi, chombo kilitenganishwa na kinachowekwa ndani. Wengi wanachanganya hapa, hata wenzako wakutubi, wanadhani MARC ni kanuni za kukatalogi. Hapana. Kanuni za jinsi ya kuandika jina la mwandishi au toleo zilikuwa AACR, zikaja AACR2, sasa hivi RDA, na MARC imezibeba zote hizo bila kuvunjika kwa sababu yenyewe haisemi uandike nini, inasema tu ukishaandika uweke wapi na uweke alama gani. Hapo ndo jibu la swali lako la mwisho lilipo kwa sehemu kubwa.

Kuna hili la herufi pia sitaki lipite. Kompyuta nyingi za wakati ule zilichapa herufi kubwa tupu, na Library of Congress ina vitabu vya lugha za kila kona ya dunia, vyenye vinukta juu, mikia chini, mawimbi. Wangeweza kuviacha, wakaamua kutengeneza seti pana ya herufi za Kilatini zenye alama zake zote. Kwa mtu ambaye lugha yake inaandikwa hivyo, jina la babu yake kuandikwa sawasawa sio jambo dogo.

Kutoka hapo mambo yalikwenda kasi. Waingereza wa British National Bibliography walishirikiana nao tangu mapema wakatengeneza MARC yao, muundo ukawa kiwango cha kitaifa Marekani 1971 na 1973 ukawa kiwango cha kimataifa, ISO 2709. Nchi moja baada ya nyingine zikatoa za kwao, kwa hiyo ikabidi kuwe na lugha ya kati, ikaja UNIMARC 1977 chini ya IFLA, shirikisho la kimataifa la maktaba, kazi ambayo Avram aliisukuma sana maana alitaka rekodi ya nchi moja isomeke nyingine. Agosti 1971 OCLC, ule ushirika wa maktaba wa Frederick Kilgour kule Ohio, ikawasha katalogi ya pamoja ya mtandaoni ikitumia rekodi za MARC, na hapo kitu kikabadilika kabisa: mkutubi wa maktaba ndogo anakaa kwenye mashine, anatafuta kitabu kilichoko mkononi mwake, anakuta mtu wa Washington ameshakikatalogi, anachukua. Wewe ukivuta rekodi kutoka seva nyingine kwenye Koha au mfumo wowote ule mlionao, unafanya kitu hicho hicho. Hata njia yenyewe unayovutia, Z39.50, ilikua kutokana na mradi wa kuunganisha mifumo mikubwa ya maktaba za Marekani ulioanza 1980 na yeye alikuwa katikati yake.

Sio kila kitu kilienda alivyotaka. Alikuwa na ndoto ya kuhamisha kadi zote za zamani ziingie kwenye kompyuta, mradi ukaitwa RECON, ukaanza 1969 kwa majaribio ya miaka miwili, na gharama ikaonekana ni kubwa kuliko uwezo, basi ukaishia kwenye majaribio. Ila ndani yake kuna kitu kinanifurahisha mpaka leo. Waliandika programu ambayo mchapaji anaandika kadi kama ilivyo bila kuweka namba za fildi, halafu kompyuta yenyewe inakisia kwa kuangalia nukta, mkato na mpangilio kwamba hili lazima ni jina la mchapishaji, hii lazima ni idadi ya kurasa. Mwanzoni mwa miaka ya 70! Leo watu wanakuja na programu za kukisia katalogi wanaona ni jambo jipya kabisa.

Vyeo nitavipitia haraka. 1976 alikuwa mkuu wa ofisi ya kuendeleza mitandao ya maktaba, 1980 mkurugenzi wa mifumo na kompyuta upande wa katalogi, na ilikuwa wakati huo, Januari 1981, Library of Congress ilipoacha kuongeza kadi kwenye katalogi yake kuu, ile ya droo. 1983 akapewa idara nzima ya uchakataji, yaani kupokea na kukatalogi vitabu, na alipostaafu 1992 alikuwa anaongoza watu kama 1,700. Kadi za kuuza ziliendelea mpaka 1997 ndo zikaachwa. Alifariki Aprili 2006 akiwa na miaka 86.

Sasa kuhusu lile neno wanalokuambia, kwamba wewe sio mkutubi. Kuna tuzo inaitwa Margaret Mann Citation, hutolewa na wataalamu wa katalogi wa Marekani kwa mtu aliyefanya kazi ya pekee kwenye fani yao. Avram aliipata 1971, miaka sita tu baada ya kuingia Library of Congress. Waliompa ni wakutubi wa katalogi wenyewe, watu wenye shahada ambayo yeye hakuwa nayo. Alikuwa ameshakaa nao mezani miaka yote ile akiuliza hiki ni nini na kwa nini kipo, na wao waliona kazi yao imeheshimiwa hadi kwenye nukta.

Nimeshaona upande wa pili pia. Kuna maktaba moja niliwahi kuitwa kusaidia, sitaitaja, waliajiri kijana mzuri sana wa programu akawatengenezea mfumo kuanzia sifuri, unapendeza kwa macho, unafunguka haraka, lakini hakuwahi kukaa na mtu wa katalogi hata siku moja. Mwandishi alipewa kisanduku kimoja. Kitabu kikiwa na waandishi watatu wakutubi walikuwa wanawaandika wote humo humo, mwingine anatenganisha kwa mkato, mwingine kwa "na", mwingine anaandika "na wenzake" basi. Mada, toleo na maelezo ya mfululizo vyote vikatupwa kwenye kisanduku kinaitwa "maelezo mengine". Walipotaka kuhamia mfumo mwingine baada ya miaka kadhaa hakuna programu iliyoweza kuvitenganisha, ikabidi watu wakae warudie kitabu kwa kitabu kutoka rafuni. Niliwaangalia wale akina mama wakibeba vitabu kwa mikokoteni kutwa nzima nikasikia uchungu kweli, kwa sababu maswali ya siku mbili tu mwanzoni yangezuia yote yale.

Kwa nini bado tunaitumia? Sababu moja nimeshakupa, chombo kimetenganishwa na kilichomo. Nyingine ni wingi tu, duniani kuna mamia ya mamilioni ya rekodi za namna hii na kila maktaba inaweza kuchukua ya mwenzake, huwezi kuamka asubuhi ukavunja. Na sikatai kwamba imezeeka. Mambo yanajirudia, mwaka unaandikwa kwenye fildi 008 na tena kwenye fildi 264, mwandishi ni maandishi tu na sio kiungo, na kompyuta za leo zingependa kuunganisha vitu kuliko kusoma mistari. Library of Congress wenyewe wameanza kujenga mrithi wake anaitwa BIBFRAME tangu 2011, na wanaendelea nayo. Mimi maoni yangu ni kwamba itahama polepole, na watakaoihamisha vizuri ni watu waliosoma kompyuta kama wewe lakini wanajua kwa nini ile 4 iko kwenye 245.

Kwa hiyo kesho ukifika kazini, fanya hivi. Muombe yule mwenzako mzoefu zaidi wa katalogi, na muombe kwa adabu, mwambie naomba unifundishe, akuruhusu ukae pembeni yake anapokatalogi vitabu vitano. Usimguse kompyuta yake. Chagueni kimoja cha Kiswahili, kimoja chenye waandishi wengi, kimoja kilichotafsiriwa, ramani moja kama mnayo, na kimoja ambacho yeye mwenyewe kilishawahi kumsumbua, hicho cha mwisho ndo kitakufundisha zaidi. Kila akijaza fildi muulize kwa nini, na akisema "ni kawaida tu" hapo ndo uulize tena. Andika majibu yake kwenye daftari. Halafu jioni ufungue rekodi hizo tano kwa macho yako ya kompyuta, uhesabu zile herufi 40 za 008 moja moja ukianzia sifuri, nafasi ya 35 mpaka 37 kwenye kile cha Kiswahili uone kama kumeandikwa swa. Kama kumeandikwa eng, na mara nyingi sana utakuta hivyo kwa sababu mtu aliacha ile inayojijaza yenyewe, basi mmepata kazi yenu ya kwanza ya pamoja, vitabu vyenu vyote vya Kiswahili ambavyo msomaji akichuja kwa lugha havionekani. Wewe unaweza kuvitafuta vyote kwa mkupuo, ila yeye ndo anajua vipi ni vya Kiswahili kweli na vipi vina lugha mbili.